Kadi Isiyonunua Tui

Juzi, supamaketi ya mtaa wa Mawaleh, huku nchi ya Waarabu, mama mmoja aliyekuwa mbele yangu alirudishiwa kahawa yake. Kadi ya msaada wa serikali ilikuwa haiilipii. "Si neno," akasema, akajifunika vizuri mtandio, akaenda zake. Nami, rafiki yangu, nikasimama pale nikawa mtoto tena.

Tulikuwa tukikaa mtaa wa Wattaya, bibi yangu na mimi, nyuma ya maduka ya magari. Baba alikwisha fariki, mama kaolewa kwengine. Nyumba ilikuwa kimya mno. Mchana ungesikia kiyoyozi kikikoroma, na Bibi akitwanga bizari jikoni huku akizungumza peke yake Kiswahili cha Unguja alikozaliwa, kama aliyekaa na wenziwe wa huko.

Nasi tulikuwa na kadi ile. Ilinunua mchele, unga wa ngano, mafuta, sukari, dengu, maziwa ya unga na kuku wa barafu. Haikununua biskuti zangu, wala kahawa, wala tui la nazi. Lakini kwa Bibi wali usiotiwa nazi ulikuwa chakula cha mgonjwa. "Tunashiba," akisema, "lakini hatujala."

Ikakaribia Idi. Tukaenda dukani, Bibi akachukua makopo ya tui akayachanganya na vitu vingine, labda yatapita. Keshia akayaweka kando, akasema kwa Kiarabu, kwa sauti, "Haya hayamo kwenye kadi, Hajja."

Hapo mkono wenye bangili ukapita juu ya kichwa changu ukayasogeza makopo. "Yatie. Nitalipa mimi."

Alikuwa shangazi yangu, binti wa Bibi wa pekee aliyebaki hai. Aliolewa Qurum, mtaa wa wenye nazo, na tangu baba azikwe hakuwa amekanyaga kwetu.

"Mama," akanong'ona, uso umemwiva, "mnapokea msaada na mimi nipo?"

"Upo Qurum," Bibi akajibu taratibu. "Sisi tuko Wattaya." Akanigeukia. "Rejesha makopo, mwanangu."

Nikayarejesha. Idi ile tulikula wali mweupe na kuku, mimi na yeye, mkeka mzima umebaki mtupu.

Baada ya hapo dereva wa Shangazi akawa anatuletea maboksi: tui, viungo, samaki nguru, hata biskuti. Bibi alipokea, akawagawia majirani karibu vyote. Siku moja akanituma nje. "Mwambie dereva amwambie shangazi yako: sina njaa. Nna hamu naye." Nilimwambia kwa Kiarabu, na kwa Kiarabu changu cha kitoto sijui maneno yale yalifika vipi.

Shangazi alikuja Bibi alipolazwa kitandani na maradhi. Aliingia jikoni kwetu, akavua bangili, akakuna nazi mwenyewe, akachuja tui huku machozi yanamtoka. Akamlisha mamake kwa mkono, tonge ndogo ndogo kama mtoto.

Bibi akatafuna kwa muda mrefu. "Chumvi haijakolea," akasema. Kisha akamshika mkono. "Ungekuja mapema, ningekufunza."

Shangazi akacheka, akalia, asiachie ule mkono. Alilala kwetu mpaka siku tulipomzika Bibi, kisha akanichukua Qurum, nikalelewa pamoja na wanawe.

Wattaya ile haipo. Nyumba yetu ilivunjwa, mahala pake pamejengwa maduka ya vioo virefu, na magari mapya yanang'aa ndani. Mimi na Shangazi tunaonana kila Ijumaa. Nyumba imejaa watoto na wajukuu, wote wanasema Kiarabu. Kiswahili kimebaki chetu sisi wawili, na tena cha jikoni tu: chuja, koroga, epua. Mengine yote tunaanza kuyasema, kisha tunatazamana, kila mmoja akingoja mwenzake akumbuke neno.