Sufuria ya Bi Kikue

Siku hiyo wageni wa mlimani walikuwa saba, na wa saba nilimjua kabla hajafika kwenye gari langu. Wenzake sita waliposhuka kwenye boti ya asubuhi iendayo kasi kutoka Tokyo walitoa simu na kuanza kupiga picha moshi unaopanda kileleni. Yeye, bibi mfupi aliyefunga kofia ya jua kidevuni, aliweka furushi lake chini, akaugeukia mlima na kuinama mpaka mgongo ukalala kabisa. Kisha akaokota furushi na kuja. Wageni hawafanyi hivyo. Ni sisi wa kisiwani tunaomsalimu Mzee kabla ya kumkanyaga, na Mzee ndilo jina letu la mlima huo. Volkano ni neno la vipeperushi.

Alipokaribia nikaona kovu la maji ya moto kwenye mkono wake wa kushoto, toka kiwiko mpaka kifundo. Mtoto yeyote wa kijiji cha kusini wa rika langu analijua kovu lile. Mkono ule ndio uliokuwa ukitupimia tofu, maziwa ya soya yaliyogandishwa, asubuhi kabla ya kwenda shule.

"Bi Kikue," nikasema.

Alinitazama usoni bila haraka. "Wewe ni wa nani?"

"Mihoko. Wa duka la nyavu."

"Miho. Umekuwa mkubwa."

Nina miaka arobaini na sita. Yeye, nilipopiga hesabu, alikuwa na themanini na mbili, na hakuwa amekanyaga kisiwa kwa miaka thelathini na tisa, tangu ile alasiri Mzee alipolipuka na watu wote wakahamishwa kwa meli. Sisi tulirudi baada ya miezi. Yeye hakurudi.

"Nasikia Isaburo ananisimulia huko juu," akasema, akishusha sauti.

"Ndiyo, bibi."

"Kila siku?"

"Kila siku boti ikija."

"Na watu wanacheka?"

"Wanacheka sana."

"Basi usimwambie kwamba ni mimi. Nimetoka mbali kuja kusikia. Akijua, ataanza kunitilia sukari."

Nikaahidi. Na nitasema kweli, niliahidi upesi kwa sababu nilitaka aisikie. Nilikuwa na kinyongo naye tangu nina miaka saba.

Ngoja niseme kinyongo chenyewe. Kisiwani kwetu mtoto akikataa kugawa biskuti anaambiwa, "Umekuwa Kikue?" Mtu akikaza mkono kwenye mchango wa mazishi, ni Kikue. Watoto wa siku hizi hawajui hata kama Kikue alikuwa mtu. Wanadhani ni neno tu. Mama yangu alilitumia mpaka alipofariki. Mwenye jina sasa alikuwa amekaa kiti cha nyuma ya changu, furushi mapajani, akitazama dirishani jinsi miti ya kamelia ilivyorefuka.

Isaburo Asanuma alitupokea kwenye kituo cha chini, akagawa helmeti na kukagua kipimo cha gesi. Amekuwa kiongozi wa mlimani miaka thelathini na kitu, na sijaona mtu mwenye maswali kama yeye. Wageni wanalipa ili wamuulize, yeye ndiye anawauliza. Siku hiyo, kabla hatujafika kibanda cha kwanza cha zege cha kujikinga na mawe, alikwisha kujua mpiga picha mwenye kamera ndefu anafuga kasa wangapi, na mama watatu waliotoka Chiba waligombania nini kwenye boti. Kila tundu la mvuke analiwekea kiganja na kusikiliza, kisha anatoa ripoti. "Leo Mzee ana homa kidogo, lakini si ya kulazwa." Hata mlima anauhoji.

"Na wewe bibi, nani kakuacha utembee peke yako na mzigo?" akamuuliza Bi Kikue. "Lete nikubebee."

"Mzigo huu umenizoea."

"Kuna nini humo?"

"Chakula, na mwenzangu."

Isaburo akacheka, akadhani ni utani. Akampa fimbo. Hakumtambua hata kidogo. Kofia ilimfunika nusu ya uso, na mikono ya shati ilikwisha kushushwa. Nilitembea nyuma yao, kama ninavyofanya siku zenye wazee, nikimtazama bibi anavyokanyaga. Mawe yale yana kingo za kukata kiatu, wageni huyapita wakiwa wameinamisha shingo. Yeye alikuwa anatazama mbele tu. Furushi lilinitia hamu. Lilifungwa kwa kitambaa cha zambarau, cha vitu vya heshima, na kila tulipopumzika alilipapasa pembeni, kuona kama limekaa sawa.

Tulifika kwenye bomba saa sita kasoro. Ni bomba la moshi, la bati, limechomoza futi mbili juu ya lava ngumu, na limepinda kama shingo ya mtu anayechungulia. Hapo ndipo Isaburo husimama kwa hadithi yake. Nikaona Bi Kikue amejongea mstari wa mbele.

"Mnaliona hilo bomba?" Isaburo akaanza. "Chini ya miguu yenu kuna kiwanda cha tofu. Mwenyewe aliitwa Tokuji, fundi hasa. Tofu yake ilikuwa laini, ukiikemea inavunjika. Alifariki mwaka mmoja kabla ya Mzee kulipuka, kwa hiyo tuseme alipona." Wakacheka kidogo. "Akabaki mkewe. Sasa, alasiri hiyo ving'ora vinalia, polisi wanagonga milango, mna dakika kumi, chukueni kilicho muhimu. Na nyie mnajua kilicho muhimu ni nini."

Walijua. Kila nyumba iliyofiwa ina kibao cha mbao kilichopakwa rangi nyeusi inayong'aa, jina la marehemu juu yake kwa dhahabu. Hupewa wali na chai kila asubuhi kabla ya walio hai. Nyumba ikishika moto, kibao hutangulia kutoka, kabla ya fedha na kabla ya hati za kiwanja.

"Mimi nipo gatini, kijana wa miaka thelathini, nawapandisha watu melini. Huyu kambeba baba yake kifuani. Yule kambeba mama yake kifuani. Anakuja mke wa Tokuji, mbio, kakumbatia nini? Sufuria ya wali. Nikamwambia, 'Shemeji, kaka yuko wapi?' Kimya. Basi nikawageukia watu nikasema, 'Jamani, shemeji kachukua wali, kaacha mume.'"

Hapo ndipo wanapocheka, na walicheka. Mpiga picha alicheka mpaka akashika kamera.

"Haijaisha. Safari ni ya saa sita nzima. Watoto wanalia njaa, na yeye kaikalia ile sufuria mpaka Tokyo. Punje moja hakutoa."

Nilimtazama Bi Kikue. Alikuwa anatabasamu kidogo, kwa makini, kama mtu anayeonja mchuzi wa jirani. Kisha akanyoosha mkono juu, kama darasani.

"Kiongozi, nina swali."

"Karibu, bibi. Maswali ndiyo mshahara wangu."

"Huo wali, uliuona?"

"Ilikuwa sufuria ya wali, bibi."

"Sufuria nimeelewa. Nauliza wali."

Isaburo aligeuka akanitazama mimi, kwa sababu anajua nilikuwa melini. Nikajaribu kukumbuka. Nilikikumbuka kifuniko cha mbao, na aproni aliyokifungia kwa mafundo mawili. Niliikumbuka njaa yangu, na mama akisema kwa sauti, ili asikike, kwamba wengine wana moyo wa jiwe. Wali sikuukumbuka. Mtu aliyemhoji kila mgeni miaka thelathini, na mimi niliyekasirika kwa muda mrefu zaidi, hatukuwahi kujiuliza swali hilo.

"Sikuuona," Isaburo akasema.

Bi Kikue akakaa juu ya lava, akafungua kitambaa cha zambarau na kutoa kibao. Rangi yake upande mmoja ilikuwa imefura vipele na kukunjamana, kama ngozi iliyomwagikiwa uji wa moto.

"Kaka yako huyu hapa," akamwambia. "Aliiva kidogo upande."

Mmoja wa wale mama wa Chiba akajiziba mdomo.

"Majivu yalikuwa yananyesha," Bi Kikue akaendelea, kwa sauti ya kueleza bei. "Na Tokuji alichukia vumbi. Chembe moja ikiingia kwenye tofu anamwaga pipa zima, wewe Isaburo unamjua. Nikasema siwezi kumpitisha kwenye majivu yale kifuani. Wali ulikuwa umeiva. Nikaumwaga kwenye beseni, nikamtia yeye kwenye sufuria, nikafunga kifuniko. Sikukumbuka kwamba chuma bado ni cha moto. Kufika gatini wewe ukaniuliza yuko wapi."

"Kwa nini hukusema, shemeji?" Isaburo akauliza.

"Niseme yuko kwenye sufuria? Mlikuwa mmekwisha kucheka. Na ningefungua, mngesema nimempika." Akafuta kibao kwa pembe ya kitambaa. "Tena watu walikuwa wanatetemeka, na uliposema vile ndiyo mara ya kwanza walicheka siku ile. Nikasema, basi, wachekee hilo, kesho nitaeleza. Kesho tukawa kwenye ukumbi wa shule, wananipita wakinong'ona. Keshokutwa nikaona siwezi tena kueleza bila kuonekana nimetunga. Nikaenda kwa mwanangu, nikapata kazi jikoni, shule ya msingi. Miaka ishirini na miwili nimepika wali wa watoto. Sikutaka kurudi kuitwa mchoyo kwenye mlango ambao haupo."

Isaburo ana sheria moja ambayo huipigia kelele kuliko zote: mlimani helmeti haivuliwi, hata mvua ya almasi inyeshe. Aliivua yake. Akapiga magoti juu ya mawe yanayokata na kuinama mbele ya kibao na mbele ya shemeji yake, na akakaa hivyo muda mrefu mpaka mimi nikaanza kulia. Nililia kwa aibu, sitasema ilikuwa kitu kingine.

"Inuka, utapasuka kichwa nani atatushusha," Bi Kikue akasema. "Nimemleta aone bomba lake. Na nilitaka kujua unavyosimulia. Unasimulia vizuri. Ila mwisho umeukosea."

Akakishika kibao juu ya bomba kwa muda, akakigeuza upande ule wenye vipele ukae mbali na upepo. Kisha tukaendelea na safari, kwa sababu wageni walikuwa wamelipia kreta. Isaburo aliwaonyesha kreta bila kumuuliza mtu chochote.

Boti ya kurudi ilikuwa saa tisa. Gatini Bi Kikue aliniita kando ya gari na kufungua upande wa pili wa furushi. Lilikuwa sanduku la wali wa kufinyanga, kila kibonge kimefungwa kwa mwani.

"Watoto waliokuwa wanalia karibu yangu melini walikuwa tisa," akasema. "Nimepika leo alfajiri. Kenta wa kinyozi yupo?"

"Alihamia Yokohama, bibi."

"Wale mapacha?"

"Wapo. Mmoja ana mgahawa."

"Wapelekee. Na Shoko, na yule aliyekuwa anatapika." Aliwataja wote tisa kwa majina ya nyumba zao, na hakukosea hata mmoja.

Isaburo, aliyesimama nyuma yetu na helmeti mkononi, akauliza kwa unyonge kama hakuna chake.

"Wewe ulikuwa na miaka thelathini," Bi Kikue akamwambia. "Ulikuwa umeshiba maneno."

Akachukua kibonge kimoja, akaniwekea kiganjani kwa mikono yote miwili, ule wenye kovu juu.

"Wewe ulikuwa umekaa chini ya ngazi, Miho, na soksi moja. Samahani. Nimechelewa na wali."

Nilikila palepale mbele yake, chote, na mwani wake.