Shimo la Ndizi Lililoandikwa Kitabuni

Kanisani, mchungaji akisema tufumbe macho tuombe, waumini wa kijiji cha Ndama hufumba yote mawili. Agnetha Kokwijuka hufumba moja. Si kwamba hamwamini Mungu. Anamwamini sana, na huu ni mwaka wa kumi na nne akiwa mzee wa kanisa hili la Kilutheri, mwenye kiti chake mbele upande wa kinamama. Asiowaamini ni binadamu, hasa wakishafumba macho.

Majirani wamemzoea. Kila mkungu katika kibanja chake cha migomba ameufunga ukamba wa jani kavu la mgomba kwa fundo analolijua yeye, ili akija mtu kuushika, fundo liseme. Akitembelea watu na kuletewa kahawa ya kutafuna, desturi ni mwenyeji kutafuna kwanza ili mgeni aone haina sumu. Wengine huridhika wakimwona mwenyeji ametafuna. Agnetha husubiri ameze.

Ukimcheka, umcheke polepole, kwa sababu tabia hiyo ina chanzo chake. Aliolewa Ndama akiwa na miaka kumi na tisa, akitokea vijiji vya upande wa Nyakahanga. Mimba ya kwanza mtoto alizaliwa mfu. Ya pili vivyo hivyo. Ya tatu akajifungua katoto kazuri kenye nywele nyingi, nako hakakulia. Hakuna aliyebatizwa, kwa hiyo hakuna kengele iliyogongwa wala jina lililosomwa ibadani. Mara zote tatu mama mkwe wake, Kemigisha, alikiviringisha kitoto kwenye kitenge, akamshika mkono mkwewe alfajiri, wakapanda kilima kidogo nyuma ya mashamba mpaka chini ya omurinzi, ule mti wa maua mekundu.

"Hapa ndipo tunapowalaza," Kemigisha alimwambia mara ya kwanza. "Ni pa ukoo wetu peke yetu. Usimwambie mtu, hata mume wako. Akijua mmoja wamejua wote, na kanisa likijua litasema tunaabudu miti."

Baadaye alizaliwa Jovitha, akaishi, akakua, na sasa anauza vitenge mpakani Murongo. Hata yeye hakuambiwa. Kwa miaka arobaini Agnetha amekuwa akipanda kilima hicho kwa kisingizio cha kuni, leo kwa njia hii, kesho kwa ile, akipalilia na kupanda miramura, ile mimea ya mipaka ambayo ukiikata leo kesho imechipua. Akiondoka hutazama nyuma mara mbili.

Lakini palikuwa na jambo lililomkosesha raha. Mara nyingine alikuta magugu yamekwisha kung'olewa. Mara nyingine alikuta mramura mpya ambao hakuupanda yeye. Nani? Shaka yake ilimwangukia Mzee Mbonimpa, jirani yake, mjane Mkatoliki ambaye kutwa alikuwa na panga mkononi akitengeneza uzio usioharibika. Mtu wa namna hiyo anatafuta nini kama si ardhi ya wenzake, au jambo baya zaidi ya ardhi? Alimpa salamu kwa sababu Biblia inaagiza, lakini salamu yenyewe ilikuwa kavu kama ganda la kahawa.

Basi miaka tisa iliyopita akaja mgeni. Alikuwa kijana wa chuo kikuu, mzaliwa wa Muleba, jina lake Winston Mwesiga, mwenye kinasa sauti na viatu visivyojua tope. Alisema anaandika kitabu kuhusu mahali patakatifu pa Kagera, na jinsi dini na jamii zilivyokaa pamoja tangu zamani. Aliamkia vizuri, shikamoo kwa kupiga goti kidogo, na jambo hilo lenyewe likamtia Agnetha wasiwasi. Mtu anayekupigia goti siku ya kwanza ana lake.

"Mama, nimesikia huku kuna mahali ambapo wazee wa zamani walipaheshimu," alisema Winston.

"Nani kakwambia?"

"Nimesikia tu, mama. Watu wanasema wanawake wa Ndama wanapafahamu."

"Watu gani?"

Kijana akacheka kwa adabu, na Agnetha akaona kumfukuza ni kumthibitishia. Mwenye kutafuta nyuki haachi mpaka umwonyeshe mzinga. Akamwonyesha mzinga, ila usiokuwa na asali. Alimpeleka upande mwingine kabisa wa kibanja, kwenye shimo ambalo marehemu baba mkwe wake alikuwa akiivishia ndizi za kukamulia rubisi, ile pombe ya ndizi. Palikuwa na majivu, mawe meusi kwa moshi, vigae vya mitungi, na kipande cha ule mtumbwi wa kukamulia, kimeoza.

"Hapa," alisema, na akanyamaza, kwa sababu uongo ukiongezewa maneno huchujuka.

Winston alipiga picha arobaini. Alipima shimo kwa utepe. Aliokota majivu akayanusa. Halafu akainua kichwa, akaonyesha kilima chenye omurinzi. "Na kule juu?"

"Kule? Pori tu. Tunafunga mbuzi."

Akaandika na hilo.

Kitabu kilikuja mwaka wa tatu, jalada la kijani. Nakala moja ikapelekwa ofisi ya kijiji, moja shule ya msingi, na moja akaletewa Agnetha, jina lake likiwa ndani. Shimo la ndizi lilikuwa na kurasa nne na picha. Liliitwa shimo la kafara. Majivu ya kuivishia ndizi yaliitwa majivu ya sadaka za vizazi, na vigae vya mitungi ya rubisi vilikuwa vyombo vya ibada. Agnetha alisoma huku machozi ya kicheko yakimtoka, peke yake jikoni, mlango umefungwa. Wakaanza kuja wanafunzi na madaftari. Kikaja kikundi cha maombi kutoka mjini kuvunja madhabahu, wakakemea shimo saa mbili nzima. Wiki hiyohiyo akaja mwanamke mwingine kuchota majivu ya dawa. Yeye aliwatazama wote kutoka mlangoni, mikono kifuani, akijiona mwerevu kuliko chuo kikuu.

Werevu huo ulimrudia mwaka huu, mradi wa maji ulipofika Ndama.

Tenki lilihitaji mahali pa juu, na mhandisi alichagua mahali pazuri, pakavu, karibu na barabara: pale penye shimo la ndizi. Vigingi vikapigwa. Ila mradi haukuruhusiwa kugusa makaburi wala mahali pa ibada, na Gosbert, mwenyekiti wa kijiji, mtu wa kufuata taratibu, akafungua kitabu cha kijani ili ahakikishe. Vigingi vikang'olewa kwa heshima kubwa. Vikahamishiwa mahali pengine pa juu palipobaki.

Agnetha aliviona Jumanne, alipokwenda kuni. Vilikuwa vigingi vinne vyenye rangi nyekundu vichwani, kuuzunguka omurinzi. Kimoja kilikuwa hatua mbili kutoka kwa yule wa tatu, mwenye nywele nyingi. Alikaa chini. Kitabu hakikukosea peke yake, yeye ndiye aliyekilisha. Angenyamaza, sepeto zingewafikia wanawe kabla ya mwezi kwisha. Angesema, angekuwa mzee wa kanisa aliyeficha miti na mizimu miaka arobaini, na ndivyo watakavyoliita jambo hilo; kiti kingekwenda, na siku akifa labda angezikwa bila mchungaji. Aliogopa, na hakuwa na mtu hata mmoja wa kumwambia kwamba anaogopa.

Ijumaa kukawa na mkutano kwenye uwanja wa ofisi ya kijiji. Watu walijaa, maana maji ni maji. Gosbert alieleza mradi, mhandisi akaeleza mabomba, Mwinjilisti Elpidius akaombea shughuli. Kisha Gosbert akauliza kama kuna mwenye pingamizi, kwa sauti ya mtu asiyelitarajia.

Agnetha akasimama. "Pale kilimani msichimbe."

"Kwa nini, Mama Jovitha?"

"Kwa sababu pale ndipo patakatifu. Kwenye shimo si patakatifu. Baba mkwe wangu alikuwa akiivishia ndizi pale. Nilimdanganya yule kijana."

Minong'ono ikapita. Gosbert alifungua kitabu, akalamba kidole, akatafuta ukurasa. "Hapa imeandikwa, 'Bi Agnetha Kokwijuka, mkazi wa siku nyingi, alituhakikishia kwamba kilima kile hakina historia yoyote, ni pori la kufungia mbuzi.' Waitu, mama yangu, tuamini lipi? La mdomo wa leo, au hili la kwako lililopigwa chapa?"

"La leo."

Mhandisi alimnong'oneza mwenyekiti, lakini alinong'ona kama mtu wa mjini, watu wote wakasikia. "Muulize kama anataka fidia. Wengi huanza hivi."

Ilimchoma. Maisha yake yote alikuwa amewatazama watu kwa jicho moja, na hakuwahi kujua linavyouma likimtazama yeye. Sasa yalikuwa macho mia mbili.

"Una shahidi?" aliuliza Gosbert, naye hakuuliza kwa ubaya.

"Aliyenionyesha amekufa. Alisema ni siri ya ukoo wetu. Sikumwambia mtu."

"Basi mama, sisi tutafanyaje?"

Kwa hiyo akalisema. "Nina watoto watatu pale. Walizaliwa wafu. Hawakubatizwa, sikuwa na pengine pa kuwapeleka. Kiti cha kanisa mnaweza kukichukua, lakini wanangu msiwafukue."

Alitafuta uso mmoja wa kumtetea, asiupate. Wanawake walitazama chini, wanaume wakatazama chini, Mzee Mbonimpa alikuwa akikikuna kipini cha panga lake, na Mwinjilisti Elpidius alikazia macho vidole vya miguu yake mwenyewe kana kwamba ndiyo kwanza anaviona. Wananionea haya, akawaza. Yamekwisha.

Gosbert alifunga kitabu taratibu. "Twende tukapaone," alisema. "Mama Jovitha atatuongoza."

Goti la Agnetha haliinuki upesi. Aliokota fimbo yake, akajinyoosha, na alipogeuka, watu walikuwa wamekwisha kuondoka. Walikuwa mbele yake, mstari mrefu, wakishuka kuelekea mgombani.

"Ngojeni," aliita. "Hamjui njia."

Hawakungoja. Kufika kilimani si kwa njia ya kuonekana. Lazima upite nyuma ya jiko la Adela, yule bibi harusi wa mwaka jana, uvuke kijito, kisha uiache njia ya mbuzi na kuingia kushoto penye vichaka ambapo mgeni angeapa hakuna upenyo. Agnetha alifuata nyuma akihema, akisubiri kuwasikia wamepotea. Hawakupotea. Walipita nyuma ya jiko. Kabla kijito hakijaonekana, wanawake walikuwa wamekwisha kupandisha kanga zao. Penye vichaka wote waliingia kushoto, na Mzee Mbonimpa alisimama ameshikilia tawi ili Adela apite, na Adela alikuwa akilia bila sauti. Waliouliza njia walikuwa wawili tu, mhandisi na Gosbert, ambaye alikuwa kapera.

Chini ya kilima, penye jiwe bapa, Agnetha alikuta viatu. Palikuwa na kandambili, gambuti, makatambuga ya Mbonimpa, na katikati yake viatu vyeusi vya ngozi vilivyopigwa rangi, vya Mwinjilisti Elpidius. Kuvua viatu mahali pale alifundishwa na Kemigisha siku ile ya kwanza, naye hakuwahi kumfundisha mtu. Aliviangalia vile viatu kwa muda mrefu. Kumbe mama wakwe wote wa Ndama, wa Kilutheri na wa Kikatoliki, walikuwa wamewaambia wakwe zao maneno yaleyale.

Alivua kandambili zake akapanda. Juu, watu hawakuwa wamesongamana kama watu wa mkutano. Walikuwa wametawanyika, huyu penye kichaka, yule penye mramura, kila mmoja amesimama mahali pake kama mtu aliyefika nyumbani. Wengine walikuwa wamechutama wakipalilia kwa vidole. Mwinjilisti alikuwa amepiga magoti upande wa kaskazini pamoja na mkewe. Hakuna aliyemtazama mwenzake. Mhandisi alisimama katikati na soksi zake, akatazama huku na huku, kisha bila kuambiwa na mtu akaanza kung'oa vigingi.

Wanawe watatu walikuwa pale walipokuwa siku zote, na kando ya wa pili alichutama Mzee Mbonimpa.

"Wangu ni huyu," alisema, akigusa udongo. "Marehemu mke wangu alimlaza hapa mwaka mmoja na wa kwako. Nikija kumpalilia, siwezi kuwaacha jirani zake kwenye majani."

Agnetha aliona aibu iliyomshika mpaka masikioni, na ndani ya aibu hiyo palikuwa na kitu kama ahueni, kama mzigo wa kuni unapotuliwa.

"Nilidhani unataka ardhi," alisema mwishowe.

"Nilijua unadhani hivyo. Ningesemaje, Mama Jovitha? Na mimi niliambiwa nisimwambie mtu."

Agnetha alikaa karibu naye, wakang'oa magugu pamoja. Kisha Mbonimpa akasema, macho yakiwa chini, "Nilimpa jina. Kanisa halilijui. Mke wangu tu ndiye aliyelijua. Tulimwita Mukakalisa."

Agnetha alimtazama, kwa macho yote mawili. Halafu akamtajia ya kwake, mmoja baada ya mwingine, yote matatu, majina ambayo hayakuwahi kutoka kinywani mwake tangu wazaliwe, na aliyataja kwa sauti ambayo Adela, aliyekuwa hatua kumi mbali, aliisikia vizuri.