Trei mpya ya vikobe yaonja moto Amalemba

Saa tatu asubuhi katika mtaa wa Amalemba, mjini Kakamega, Dinah Navalayo amechuchumaa mbele ya jiko la makaa na hataki kuongeleshwa. Juu ya jiko kuna sufuria pana yenye mchanga, na juu ya sufuria kuna kipande cha bati kilichorundikwa makaa mekundu. Hiyo ndiyo oveni yake. Ndani yake kuna trei mpya ambayo haijawahi kuonja moto.

Harufu ya siagi na ganda la limau imeanza kutoka.

"Usifunue bado, fundi," anasema bila kugeuka.

"Sijafunua, mama. Naangalia tu," anajibu Shikanga, fundi wa mabati mwenye kibanda chake nyuma ya soko. Yeye ndiye aliyeitengeneza trei hiyo.

"Wewe unaangalianga na mikono?"

Navalayo, mwenye umri wa miaka 46, huoka keki ndogo za Kifaransa zinazoenea kiganjani. Upande wa chini zina mifereji kama kombe la baharini. Upande wa juu zina nundu. Sista aliyemfundisha aliziita madeleni, lakini makarani wa ofisi za mkoa, wanaozinunua kwa chai ya saa nne, waliitazama ile mifereji na ile nundu wakaziita vikobe. Jina likashika.

Siku nzuri huuza vikobe sabini hivi, shilingi tatu kila kimoja. Hiyo ndiyo kazi inayomweka shuleni Andati, mwanawe wa pekee, aliye kidato cha pili.

Alijifunza alipokuwa mpishi wa nyumba ya watawa, upande wa Mukumu. Mkubwa wa jikoni alikuwa Sista Odile, mwanamke mfupi kutoka Ufaransa, aliyeoka kila Jumapili na kuimba akioka. Mwaka 1991 Sista alirudi kwao kwa ajili ya uzee. Alimwachia Navalayo trei yake ya mashimo kumi na mawili.

"Aliniambia, 'Dinah, hii isikae bure,'" anakumbuka. "Nikamwambia haitakaa."

Ukimuuliza siri ya nundu, anakupeleka kwenye mtungi wa maji ulio pembeni mwa nyumba. Hana friji. Usiku huchanganya mayai ya kuku wake, sukari, unga na siagi, kisha hukitia kibakuli cha mchanganyiko huo ndani ya mtungi kikae hadi asubuhi.

"Unga ulale kwa baridi," anaeleza. "Halafu uuingize kwa moto mkali ghafla. Unashtuka. Ukishtuka, unaruka juu. Ndiyo hiyo nundu."

Siku moja alikuwa na haraka, akaoka bila kuulaza unga. Keki zilitoka bapa. Makarani walizigeuzageuza. Mmoja akamwambia, "Mama Andati, leo kobe wamekanyagwa na lori?" Alirudi nyumbani na kikapu kikiwa kimejaa. Tangu siku hiyo anajua kwamba watu hawa hununua nundu kwanza, utamu baadaye.

Ndiyo maana hataki kuongeleshwa asubuhi hii. Trei ya Sista imekwisha. Makaa yaliila polepole, shimo moja baada ya jingine, hadi mwezi uliopita yakabaki mashimo matano yasiyovuja. Vikobe vitano kwa mpigo mmoja havijazi kikapu. Trei kama hiyo haiuzwi Kakamega, na aliyetumwa Nairobi aliikosa pia.

Juu ya hayo, Risper, muuguzi wa hapo mtaani, anaolewa kesho kutwa. Amekataa keki ya ghorofa. Anataka kila mgeni apewe kikobe.

Shikanga, aliyesomea kazi yake katika chuo cha ufundi cha Sigalagala, alijaribu kwanza kwa macho. Aliikagua trei ya zamani, akauliza, "Huyu ni mnyama gani?"

"Sista alisema anaishi baharini."

"Samaki?"

"Si samaki. Ni nyumba yake tu. Mwenyewe alishatoka."

Shikanga hakuwahi kuona nyumba kama hiyo. Akagonga bati alivyodhani, na keki zikatoka kama masikio. Risper alipoletewa moja aonje, aliiweka kando ya sikio lake. "Mama, wageni wangu watafikiri ni kliniki ya masikio," alisema.

Ndipo fundi alipopata wazo lingine: keki yenyewe iwe mfano. Akaomba apewe kikobe kimoja. Alipewa, akakila njiani.

"Kilikuwa cha moto," anajitetea.

Cha pili kilianikwa juu ya kabati hadi kikawa kigumu kama jiwe. Shikanga alikikandamiza kwenye mchanga laini wa kusubia, akayeyusha sufuria kuukuu ya alumini na kuimimina pale kilipoacha alama. Alichotoa kilikuwa kikobe cha madini, mifereji yote ikiwa mahali pake. Juu ya kikobe hicho alifua vipande vya debe la mafuta ya kupikia, kimoja kimoja, hadi akapata mashimo kumi na mawili, akayaunga kuwa trei.

Sasa Risper amefika kutoka zamu ya usiku, angali na sare. Anasimama nyuma ya Navalayo.

"Haya," anasema Navalayo. Anayaondoa makaa, anafunua bati.

Nundu zimesimama, zote kumi na mbili, zenye rangi ya asali.

Navalayo anaikung'uta trei kwenye ukingo wa meza, keki zinaanguka juu ya kitambaa. Anazigeuza. Kisha anainamia moja, na nyingine. Kwenye mfereji wa katikati wa kila kikobe kuna kibonyeo kidogo.

Shikanga anakitambua na anatahayari. "Kile kikobe cha mfano kilitoka kwa shimo lililobonyea la trei ya zamani. Niletee trei, mama, nitainyoosha."

"Ni shimo la kona," Navalayo anasema taratibu. "Sista alikuwa anagonga hiyo kona mezani kila Jumapili, keki zitoke. Ndiyo ilibonyea." Anapitisha kidole juu ya alama hiyo. "Acha hivyo hivyo, fundi."

Risper anachukua kimoja, anang'ata nundu. "Mimi vyangu nataka vya kona vyote," anasema, na kicheko kinawashika wote watatu.

Baada ya harusi, Navalayo atamwomba Shikanga trei ya pili, amfundishe msichana mmoja wa jirani aliyekosa kazi. Halafu ana safari anayoipanga kwa siku ambayo Andati atamaliza shule: Mombasa, mahali ambapo hana ndugu wala shughuli.

"Nataka kuona hiyo nyumba ya yule mnyama," anasema akichota unga mwingine baridi kutoka mtungini. "Nimeioka miaka hii yote. Nataka niigeuze, nione kama na yeye ana nundu."