Siku Bibi Aliporuka kwa Ungo

Nikisikia mtu anapepeta mchele, pua yangu hunusa petroli. Nimeharibika hivyo tangu mchana ule video ilipoletwa darasani kwetu Mahege, enzi za ruksa, vitu vya kigeni vilipoanza kutufikia.

Kabla ya hapo, kijana mchoraji kutoka Dar alikuja na kamera, akamrekodi Bibi akifukuza ndege juu ya dungu, kibanda cha miguu mirefu cha kulindia mpunga. Magoti ya Bibi yalikuwa mabovu, na ngazi ya dungu ilimliza. Kijana akaniuliza aongeze nini kwa kuchora. Nikamwambia amrushe Bibi kwa ungo, asipande tena ngazi. Habari za wachawi wanaosafiri kwa ungo nilizisikia, lakini zilihusu bibi za watu wengine.

Akarudi na televisheni na jenereta. Tukaziba madirisha kwa khanga. Mpunga ulikuwa wetu wa kweli, Bibi wa kweli, ila ndege walikuwa wa kuchorwa, wakubwa kama mbuzi, wamevaa kofia za kiua kama wazee wa msikitini, wakibisha hodi kwa adabu. Dungu likataga yai. Tulicheka mbavu hatuna. Kisha Bibi akaketi kwenye ungo, akapaa juu ya Rufiji, miguu inaning'inia.

Kicheko kikakatika. Ikabaki jenereta inanguruma.

Kesho yake pangekuwa na maulidi kwa jirani yetu Mama Tatu, na mpishi wa shughuli zote kijijini alikuwa Bibi. Mama Tatu akamwambia Bibi polepole, macho chini, “Bi Mwanahawa, kesho we pumzika. Tutapika sie.”

Nilitamani ardhi inimeze. Nikalia, nikasema ni mimi niliyemtuma yule kijana.

Bibi akainuka, ameshika magoti. “Juzi nimekwenda hospitali Kibiti juu ya lori la mkaa, nimerudi mweusi mnanicheka. Mwenye ungo wake anapanda lori la mkaa?”

Mama Tatu ndiye aliyeanza kucheka, hadi akajifuta machozi kwa mtandio. Kesho yake Bibi alipika, na masufuria yakarudi matupu.

Lakini kabla kijana hajafunga vyombo vyake, Bibi alimwambia, “Hebu rudisha hapo ninaporuka.” Akarudisha mara tatu. Nilidhani anatafuta kosa la kumgombeza. Siku hizi magoti yangu nayo yameanza kulalamika, na sasa najua Bibi alikuwa akitazama ile miguu yake inayoning'inia, isiyouma.