Nilivyomwandika Mama Minza wa Ngulyati

Nilikwenda Bariadi kwa sababu msimamizi wa tasnifu yangu alikuwa amenichoka. Miaka mitatu nilichambua jinsi riwaya za Kiingereza zinavyowatamani wanawake wa Mashariki na Afrika bila kuwasikiliza: daima wako kimya, daima ni fumbo. "Umewahi kumsomea mwanamke yeyote kurasa hizo?" aliniuliza. Sikuwahi.

Treni kutoka Dar es Salaam hadi Mwanza, kisha basi. Njia nzima nilijiona mkombozi.

Asubuhi ya pili nilikuwa Ngulyati, kijiji cha huko Bariadi. Mwenyeji wangu, Mwalimu Kabula wa sekondari, aliniketisha na wanawake wanne, jirani zake, waliokuwa wakichambua pamba. Wanunuzi binafsi ndio kwanza walikuwa wameruhusiwa kununua zao hilo, na walichagua sana. Nikawasomea riwaya mojawapo huku nikitafsiri kwa Kiswahili: Mwingereza anamchungulia binti wa Kiarabu dirishani, majuma mawili, anatetemeka kwa hamu.

"Majuma mawili?" mmoja akashangaa. "Hana kazi?"

"Si atume mshenga kwa baba yake!"

Wakacheka wote, isipokuwa mmoja wao, Mama Minza, aliyekaa pembeni, kiganja shavuni. Huyo akanivutia. Nikamwandika ukurasa mzima daftarini, kwa Kiingereza.

Saa sita, tukingoja ugali, nilimpa Mwalimu Kabula daftari anisahihishie majina ya Kisukuma. Akasoma kwa sauti: "'Amenyamaza kama nchi yake, macho yake yanaficha huzuni ya kale isiyo na jina.'" Akaniangalia. "Kaka, huyu ni Mama Minza?"

"Ndiye."

"Anaumwa jino. Tangu juzi."

Nilitamani ardhi inimeze. Mama Minza, aliyekuwa hapo hapo, akataka kujua kilichoandikwa. Alipotafsiriwa maneno hayo akacheka huku akiugulia. "Mwambie aache kuandika, anipeleke hospitali."

Alasiri hiyo nikampakia kwenye baiskeli ya Mwalimu hadi Bariadi mjini. Penye mchanga nilishindwa, tukatembea. Jino likang'olewa. Wakati wa kurudi, pamba ingali mdomoni, fumbo langu halikunyamaza hata kidogo: mizani za wanunuzi, mkwe wake mvivu, kisha kitabu changu.

"Yule binti wa dirishani, naye alimpenda huyo mzungu?"

"Kitabu hakisemi, mayu," nikamjibu, nikimwita mama kwa Kisukuma.

"Na wewe, miaka mitatu, hukujiuliza?"

Nikajifanya nakaza mnyororo wa baiskeli.

Nilirudi Dar es Salaam na tasnifu ya kuandika upya. Nilichojifunza ni hiki: mtu anaweza kulijua kosa kwa jina lake la kitaalamu, akalitungia tanbihi mia, na bado akalifanya mwenyewe kabla ya chakula cha mchana.