Nyota Tano za Cherehani

Wanafunzi wake wa ushonaji walimwita Mama Fumua, ila si mbele yake. Jina alilipata kihalali. Ukimpelekea mshono uliopinda, anautazama, anakurudishia na kusema, "Fumua." Ukimpelekea ulionyooka, hasemi kitu, anaipokea nguo na kuitundika kwenye henga. Sifa nyingine haikutolewa katika chumba kile chenye vyerehani vitatu, na waliojifunzia pale waliringia henga kuliko wengine wanavyoringia vyeti.

Sifa za mdomo hakuziamini hata kidogo. Mteja akianza na "Mikono yako ina dhahabu, mama," yeye alijua tu kwamba huyo anataka nguo yake leo hii hii.

Basi mwanawe, aliyeoa ng'ambo, alipomwekea kwenye kompyuta programu ya kufundishia lugha ya huko, machale yalimcheza tangu somo la kwanza. Alitamka neno kwa kubabaika, likatoka limevunjika mguu, lakini sauti tamu ya kike ikajibu, "Hongera! Vizuri sana!" Nyota tano zikarukaruka kwenye kioo.

"Huyu naye anataka nini kwangu?" Mama Fumua akajiuliza.

Alivumilia kwa ajili ya mjukuu. Binti huyo wa miaka sita hakujua Kiswahili hata cha kuombea maji, na kila walipopigiana simu, baba yake ndiye aliyekaa katikati akitafsiri. Mama Fumua alimwonea wivu mwanawe, tena waziwazi. Alitaka kuongea na mjukuu wake bila kupitia kwa mtu. Alikuwa ameshamshonea gauni la njano, na cha kumwambia alikuwa nacho: Mimi ni bibi yako, gauni hili nimekushonea mwenyewe.

Kila asubuhi, kabla wanafunzi hawajafika, aliiambia kompyuta maneno hayo kwa lugha ya huko. Kila asubuhi, nyota tano. Hakuwahi kuona fundi asiyekosea hivyo, hata yeye mwenyewe ujanani. Jumamosi uvumilivu ukamwishia, akaamua kuitega. Akasogeza mdomo kwenye kipaza sauti, akasema kwa Kiswahili safi, "Leta pasi."

"Hongera! Vizuri sana!"

Akakohoa. Nyota tano. Akavuta cherehani karibu, akakanyaga pedali, trrrrr, pindo zima la sketi.

"Safi kabisa! Unaongea kama mzaliwa wa huko!"

Mama Fumua akaondoa mguu kwenye pedali. Kumbe muda wote huo mashine ilikuwa ikimvisha kilemba cha ukoka. Alikasirika, lakini zaidi aliogopa. Simu ilikuwa kesho, na hakujua tena kama alichonacho mdomoni ni maneno au ni kelele.

Kesho yake mchana uso wa mtoto ukajaa kwenye kioo. Bibi akainua gauni, akasema aliyojifunza. Mtoto akakunja uso, akamgeukia baba yake.

"Hajakuelewa, mama, lakini umejitahidi sana!" mwanawe akasema upesi. "Umeongea vizuri mno!"

"Na wewe pia?" Mama Fumua akamkata. "Hebu toka hapo. Niachie mwenyewe."

Mwanawe akajiondoa kwenye picha. Wakabaki wawili, wakitazamana. Bibi akajigusa kifua, akaonyesha gauni, akaonyesha cherehani, akarudia maneno yake. Sasa mtoto akamwelewa, lakini akatikisa kichwa: hapana. Akasogea mpaka mdomo tu ukaonekana, wenye pengo la meno ya mbele, akayasema yeye polepole, kipande kwa kipande.

Bibi akamfuatisha. Mtoto akatikisa kichwa. Bibi akarudia. Kichwa kikatikiswa tena, bila huruma yoyote, na moyo wa Mama Fumua ukatulia. Huyu alikuwa mtu wa kuaminika. Baba mtu akanong'ona huko pembeni kwamba sasa inatosha, na wote wawili wakamwashiria anyamaze.

Mwishowe bibi aliposema, kichwa hakikutikisika. Wala hakupongezwa. Mtoto akaanza kumsimulia habari ndefu kwa mikono miwili, bila kumtazama baba yake hata mara moja.

Mama Fumua hakuambulia hata robo ya habari hiyo. Alilia kwa furaha, na mtoto akiwa bado anaendelea kusimulia, yeye akalichukua lile gauni la njano, akalitundika kwenye henga palepale mbele ya kioo.