Ukanda kwenye Paji la Mama

Shule niliachia darasa la sita, na leo nusu ya mapaa ya Nyeri mjini yameshikwa na mbao zangu. Kwa hivyo mtu akiniambia jambo haliwezekani, mimi humuuliza tu limemshinda nani.

Binti wa dada yangu huchora katuni kwa kompyuta. Alitengeneza filamu fupi kuhusu mtaro ambao akina mama walilazimishwa kuchimba wakati wa vita vya msitu, enzi ya mkoloni. Mtaro wenyewe ulifukiwa, juu yake pakajengwa kituo cha petroli, na mjini hakuna anayeutaja. Mama yangu aliuchimba akiwa msichana. Sasa macho yake yanaisha, na daktari amesema hakuna dawa. Nilitaka auone mtaro wake kabla giza halijafika.

Ijumaa asubuhi nikaonyeshwa filamu. Wanawake wote walikuwa wamebeba udongo kichwani.

"Hawa umewatoa wapi?" nikauliza. "Kwetu mzigo ni mgongoni, ukanda kwenye paji la uso."

"Mjomba, ni dakika sita tu. Nani ataona? Na Jumapili tunaionyesha kanisani."

"Nyanya yako ataona."

"Ni kuchora upya mamia ya picha."

"Basi tuanze."

Nikampeleka kwa yadi yangu ya mbao, nikamfunga mzigo wa kuni kwa ukanda, nikamwambia apande mteremko ulio nyuma yake. Alinuna. "Ati hii ndiyo sanaa?"

"Hiyo ni shingo. Sanaa utafanya ukifika juu."

Siku mbili alichora kwa meza yangu. Kila aliposema "rudia", mimi mwenyewe nilipita mbele ya dirisha na mzigo mgongoni. Wafanyakazi wangu wakacheka: "Mkubwa, umerudi kibarua?" Nikawaambia kibarua sikuwahi kukisahau, ndiyo maana wao wananifanyia kazi.

Jumapili tulimketisha Mama mbele kabisa, pua karibu iguse kitambaa cha picha. Kisha akainua kidole hadi kwenye bonde ambalo ukanda ulimwachia pajini, lile tulilokuwa tukilipapasa tukiwa watoto.

"Baba," akaniambia, huniita hivyo kwa kuwa nina jina la babake. "Huyo wa mwisho amefunga ukanda chini sana. Utamtelezea machoni."

"Mjomba, usiseme kitu," mpwa wangu akanong'ona.

Sikusema. Jumatatu saa mbili asubuhi alikuwa kwa meza yangu, nyanya yake kando, akimwelekeza kwa kidole.